Manowari Iliyomchukua Hadija

K.k. Mshamu, Fundi Cherehani,
S.L.P. 27,
Kibiti, Rufiji.

3 Mei 1998

Mpendwa kaka yangu Sadallah,

Assalaam alaykum warahmatullahi wabarakatuh. Ni matumaini yangu kwamba waraka huu utakukuta mzima huko Likoni, kifua kimetulia, na hiyo kazi yako ya kukwangua kutu na kupaka rangi meli za watu bado haijakutoa roho. Goti je? Wifi Riziki hajambo? Na wale watoto wake wawili, bado wanasema Kimvita au umeshawafundisha maneno ya kwetu? Sisi huku hatujambo, alhamdulillahi. Mbu nao hawajambo, tena wametushinda afya.

Sasa, kabla hujasoma mbele, soma hili kwanza: Hadija yu hai. Yu hai, ni mzima, yuko hapa Kibiti kwa mumewe, na ninapoandika namsikia akimwimbia mtoto chumba cha pili. Ndiyo, mtoto. Umekuwa babu. Kaa chini upumue, halafu uendelee.

Nimepata habari kwamba Mussa wa boriti amefika Mombasa na amekwambia mwanao amechukuliwa na manowari ya serikali. Mussa hakusema uongo. Ila ndiye yule yule Mussa wa utotoni, hadithi ya bibi ilikuwa haijafika katikati yeye kashalala, asubuhi anakwenda kuisimulia kwa watoto wa jirani. Aliondoka deltani siku ile ile, habari ikiwa nusu, na nusu hiyo ndiyo aliyokubebea wewe. Nikimtia mkononi atanieleza.

Najua ulichofikiri. Ulifikiri ni yale ya mkeo Mwanabibi tena. Na mimi nilifikiri hivyo hivyo, kaka, nisikufiche. Tangu tulipomzika mama yake Hadija, aliyeshikwa na uchungu maji yamekupwa na tukakaa naye tukingoja chombo ambacho hakikuja, wewe hukutia mguu tena Rufiji. Uliniachia mtoto wa miaka mitano, ukapanda na shehena ya boriti, ukaenda zako. Sikukulaumu wakati ule na leo sikulaumu. Lakini barua zako za "mwakani, inshallah" ninazo nyingi, naweza kuezekea banda la kuku.

Sasa nikusimulie kwa mpangilio, maana nikianza na hasira nitaruka mambo.

Hadija alikuwa anakaa hapa Kibiti kwa mumewe, Fikirini, kijana mtaratibu anayeuza vipuri vya baiskeli. Wako barabarani kabisa, hospitali si mbali. Lakini desturi unaijua, mimba ya kwanza huzaliwa kwao mwanamke. Nikamfuata mwenyewe baada ya Idi, nikamshusha deltani nyumbani kwangu, nikijisifu njia nzima. Fikirini alitaka kukataa, nikamwuliza kama kwao mwanamke wanamzalisha dukani. Akamfungia mizigo.

Ndipo mvua hizi wanazoziita Elinino zikakasirika kwelikweli. Umesikia redioni, lakini redio haina maji. Mto ulitoka ukafunika mpunga wote, ukabaki kama bahari ya uji. Barabara ikakatika, mabasi ya kusini yakalala Nyamwage, abiria wakawa wenyeji. Unga deltani ukaisha, tukawa tunakula kamba asubuhi, kamba mchana, na jioni tunaulizana tule nini, tunajibiana kamba.

Na hapo katikati lilikuwepo jambo la mwekezaji. Siku hizi za soko huria kila kitu kina mwekezaji wake, na sisi tuliambiwa wa kwetu anataka mabwawa ya kufugia kamba, kwa hiyo itabidi tupishe. Yaani kamba wapewe makazi, watu waondoke! Wengine walisema si kweli, ni maneno ya barazani tu. Lakini hofu haingoji ushahidi. Wazee walikumbusha yale mafuriko ya sitini na nane, watu wa bondeni walivyofuatwa na msaada, na msaada wenyewe ukawa kuhamishwa moja kwa moja. Basi tukakubaliana kitongoji kizima: siku serikali ikija, hatupigani, hatubishani, tunaingia mikokoni, wakute vibanda vitupu. Watamhamisha nani? Alama ni sufuria. Akipiga mmoja, wote wapige na wakimbie.

Siku meli ilipoingia, wa kwanza kupiga sufuria nilikuwa mimi.

Wewe mpenda meli, najua umeanza kuuliza ilikuwaje, basi nikupe haki yako. Ilikuwa ya kijivu, ndefu, tumbo lake bapa, na mbele haina ncha kama meli za kiungwana. Mbele yake ni ukuta. Inapofika ufukweni ule ukuta unashuka kama daraja, meli inabaki mdomo wazi. Baadaye waliniambia ni meli ya kushushia vifaru, kazi yake ni kubebea jeshi mzigo na kupanda nao matopeni. Ilipita kwenye mlango wetu wa mto, unaoujua wewe ulivyo mwembamba, mikoko inagusa pande zote mbili. Kwa mbali, nje kabisa kwenye maji marefu, ilisimama nyingine ndogo, nyembamba, yenye mzinga mbele na mzinga nyuma. Hiyo haikuthubutu kuingia. Bibi alituambia habari za manowari ya Mjerumani iliyojificha mtoni humu humu, ikawatia babu zetu kamba mabegani waburute machuma yake. Wewe ulikuwa ukisikia hadithi ile unakwenda kufinyanga manowari za udongo. Mimi nilikuwa nakojoa kitandani.

Tukakimbia. Na hapa ndipo moyo wangu unapouma hata sasa nikiandika, kwa sababu Hadija alikuwa na uchungu tangu jana yake. Tulimlaza juu ya mlango wa jikoni, tukambeba, tukamtia kwenye mtumbwi, tukamsukuma ndani kabisa katikati ya mizizi. Wanawake wa kitongoji kizima wamekaa matopeni, watoto wamezibwa midomo. Mkunga wetu, Bi Zamda, akampapasa tumbo, akampapasa tena. Halafu akanivuta sikio akasema, "Mwanahawa, mtoto kalala mkingamo. Mikono yangu imefika mwisho."

Maji yalikuwa yanakupwa, kaka. Nikatazama ule mtumbwi unavyokaa taratibu kwenye tope, nikaona mambo yale yale yanarudi, mahali ni pale pale, nami ndiye ninayemshika mkono. Nje kipaza sauti kinaita, wananchi tokeni, msiogope, serikali imekuja kuwasaidia. Maneno ya sitini na nane neno kwa neno. Kila kilipoita, watu walizidi kuingia ndani. Dawa ilikuwa pale nje, na sisi tulikuwa tunaikimbia na mgonjwa mikononi. Lakini nani angejua?

Kitongojini walimkuta mzee Miraji peke yake, aliyegoma kukimbia kwa sababu alishachoka kukimbia tangu enzi za Mwingereza. Wakamwuliza watu wa hapa ni kabila gani. Akawaambia Wandengereko. Sasa kulikuwa na askari mmoja kati yao, baharia, jina lake Seleman. Mzaramo wa Maneromango. Aliposikia hivyo akamwomba mkubwa wake kile kipaza sauti.

Tukasikia sauti mpya. Nakuandikia alivyosema, maana sitayasahau mpaka naingia kaburini.

"Nyie Wandengereko! Naambiwa mmeingia matopeni. Mmefanya vizuri, mmerudi kwenu! Mie mtani wenu, Mzaramo wa Maneromango, nimekuja kurithi. Nimekaa kwenye kigoda cha mama mmoja hapa, nimefunua chungu, nimekuta kamba wa nazi, nakula. Lakini hawana chumvi! Mwanamke gani huyu hajui chumvi? Ndo maana kakimbia, kaona aibu!"

Kaka, chungu kile kilikuwa changu.

Unanijua. Siku zote ulisema mdomo wangu huu utakuja kuua mtu. Nilikuwa nimeambiwa ninyamaze, nilijua tumejificha, mkono mmoja nimemshika Hadija, mkono mmoja nimejiziba mwenyewe. Lakini mtani akikutukana hukai kimya, hilo tumezaliwa nalo. Hata msibani, maiti yuko ndani, mtani akikurushia neno unalirudisha. Neno lilinitoka kabla sijalifikiria.

"Weka chini chungu hicho, Mzaramo we! Mashamba mmeuza mkacheza ngoma za kuwatoa wali, sasa mnatembea na meli kula vya watu!"

Kisha mtoto mmoja akacheka. Kisha mama yake. Kisha Bi Zamda, ambaye sekunde ile alikuwa akinifinya mkono kwa hasira, naye akacheka mpaka machozi, tukawa tunacheka na kulia kitongoji kizima ndani ya matope. Na kule nje Mzaramo anapiga kelele, "Yule pale! Nimemsikia asiyejua chumvi!" Boti yao ya mpira ikaanza kufuata sauti yangu.

Nimejiuliza baadaye kwa nini hatukukimbia tena. Nadhani ni hivi. Mtu aliyetumwa kukuhamisha hakai kwenye kigoda chako akakulia kamba wako na kukutukania mapishi. Na mtani hawezi kukudhuru, akikudhuru laana ni yake. Hiyo serikali ya kipaza sauti hatukuifahamu, lakini Mzaramo tulimfahamu.

Alipofika alikuwa amezama kiunoni, kiatu kimoja kimemezwa na tope, mdomoni bado ana utani wa kunirushia. Akamwona Hadija. Utani wote ukamwisha. Akavua shati lake akamfunika mwanao, akaita kwenye simu yake ya upepo, na kwa sauti nyingine kabisa akaniambia, "Dada, tumpeleke sasa hivi."

Walimtoa kwa ile boti ya mpira, wanaume wanne wakiisukuma juu ya tope kwa mabega. Ndani ya meli ya mdomo, mahali panapokaa vifaru, walikuwa wamepanga magunia ya unga, mablanketi na makatoni ya dawa. Yote hayo ya kwetu, kaka, tuliyokuwa tukiyakimbia! Wakamlaza juu ya godoro kati ya magunia. Kulikuwa na daktari mwanamke, mwenye nyota mabegani, akampima akasema hapa si pa kufanya lolote, apelekwe Dar es Salaam, na kwa meli hii hatuwahi, ni nzito na taratibu mno. Ndipo wakaiita ile nyembamba ya nje. Ile ya mizigo ikatupeleka mpaka mlangoni mwa bahari, wakaziweka ubavu kwa ubavu, mawimbi yanazipandisha na kuzishusha, na mwanao akapitishwa hewani kwenye machela ya kamba kutoka meli hadi meli. Hapo ndipo Mussa alipoona kutoka kwenye chombo chake cha boriti. Hapo ndipo alipoondoka na hadithi.

Sasa sikiliza la Bi Zamda. Alipoingia kwenye ile manowari nyembamba akaona njia ya kupita inakatiza mbele ya mzinga. Akagoma. Mwanamke mwenye uchungu hapitishwi mbele ya mdomo wa silaha, akasema, na kama ni hivyo tumteremshe. Nikadhani watatutupa majini. Kamanda wao ni kijana mpole wa Kiha, hana maneno. Akanitazama mimi, akamtazama Bi Zamda, akatoa amri. Mzinga ukageuka taratibu, ukaenda kuangalia upande wa Mafia, na Hadija akapita. Kaka, macho yangu haya yameona mzinga wa serikali ukimpisha mwana wa Kindengereko.

Safari yenyewe usiniulize. Ile meli haipiti majini, inaruka. Nilitapika mpaka nikawa sina jina. Nilikuwa nimevalishwa fulana nene ya rangi ya chungwa ya kuzuia mtu asizame, nimekumbatia mguu wa kitanda, nasoma sura zote ninazozijua na nyingine nazikata katikati. Seleman akawa anapita kila mara kuniambia kwamba Wandengereko wakitapika baharini samaki hufa. Nilimjibu kila mara. Ni hilo lililonizuia nisilie mbele ya Hadija, naye alikuwa akinitazama machoni kutafuta kama tumaini lipo.

Pale bandarini gari la wagonjwa lilikuwa linangoja. Hospitalini wakampasua usiku ule ule. Nilikaa sakafuni mlangoni, sina viatu, tope la kwetu limenikaukia miguuni, nikamwambia Mungu kwamba yule wa kwanza nilimpa bila kubisha, huyu simtoi. Si maneno ya kumwambia Mungu, najua. Nimeshatubu. Kulipokucha nesi akatoka na kitu kimezungushiwa kanga, kinapiga kelele kuliko king'ora cha meli. Wa kike. Na mama yake mzima.

Nikakaa pale pale nikalia kama aliyefiwa. Watu wakaja kunipa pole, nikawaambia nyie nipeni hongera.

Mambo mengine kwa ufupi. Unga uligawiwa na wagonjwa wengine kitongojini walitibiwa, na hakuna aliyehamishwa. Ya mwekezaji bado yanazungumzwa, wakubwa wanakuja na kuondoka, na sisi tunahudhuria mikutano badala ya kukimbilia mikokoni. Kisima chetu kimeingia chumvi. Shamba langu la Dimani limepona. Mume wangu Mshamu amehamishia cherehani yake hapa Kibiti mpaka maji yatulie, na mimi nipo hapa namlea mzazi. Fikirini sasa akiniona anatabasamu tu, hasemi kitu, na hilo linaniuma kuliko angenisema. Mimba ya pili nimemwambia itazaliwa popote atakapo, hata dukani.

Mtoto tumempa jina la mama yetu, Maimuna. Na sasa nafika kwenye jambo lililonifanya nikuandikie kurasa zote hizi.

Siku ya arobaini tulinyoa nywele, tukasoma maulidi. Katikati ya maulidi akaingia Seleman, kapewa ruhusa, kavaa sare nyeupe ya wanamaji, viatu vyote viwili. Akapita katikati ya watu, akamchukua mtoto mapajani mwa Hadija, akaenda kusimama naye mlangoni. Mateka, akasema. Nimemtoa kwenye tope, ni wangu, komboeni. Watu wakashangilia, unajua watani wakianza. Mshamu akatoa jogoo. Hapana. Fikirini akatoa baiskeli nzima. Hapana. Nikamtolea mbuzi yule wa madoa, nikamwongezea na kilo ya chumvi ili tumalizane. Chumvi akachukua, mbuzi akakataa.

Akauliza, mtoto huyu babu yake yuko wapi? Tukamwambia yuko Mombasa. Akauliza, haji kumwona? Hadija ndiye aliyejibu. Alimweleza yote, mama yake alivyokufa na wewe ulivyoondoka, na mle ndani hamkuwa na wa kucheka tena. Seleman akampakata mtoto vizuri. Kisha akasema fidia yake si jogoo wala mbuzi. Fidia ni babu mwenyewe, atie mguu Rufiji, amchukue mtoto mikononi mwa mtani. Mpaka siku hiyo, jina la Maimuna limefungwa, asilitaje mtu. Mtoto ataitwa Manowari. Na atakayekosea atatozwa kuku, kazi ya kukusanya amemwachia Bi Zamda, ambaye anaifanya bila huruma.

Basi kaka, Kibiti nzima inamwita Manowari. Mke wa imamu anamwita Manowari. Kwenye kliniki wamelizoea. Nawe unajua fidia ya mtani hailipwi kwa mtu mwingine, wala haifutwi kwa barua.

Barabara imefunguka mpaka hapa. Sikuombi ushuke deltani, moyo wako ukikataa usishuke. Simama hapa barabarani tu, unyooshe mikono. Hadija hajasema neno, lakini amenunua kikombe kipya na hataki mtu akinywee, na mimi nimemlea, sihitaji kuambiwa ni cha nani. Miaka yote hii umeuchukia mto ule kwa sababu chombo hakikuja. Na mimi niliuchukia. Safari hii chombo kimekuja, Sadallah. Kimekuja.

Msalimie sana wifi Riziki na watoto, uje nao wakipenda. Mshamu anakusalimu, Fikirini anakupa shikamoo, mzee Miraji anauliza kama bado unamdai ule mshipi wa kuvulia, na Bi Zamda anasema ujitahidi kukosea jina la mtoto utakapofika. Hadija anakuamkia, baba yake, na anambusu mkono kwa niaba yako yule asiyetajwa. Mola akulinde na kutu, akufungulie njia, akufikishe kwetu ukiwa na magoti yote mawili.

Wako akupendaye, dada yako yule wa mdomo,
Mwanahawa